Barua ya wazi kwa wenye dhamana ya Mto Zigi: tumuulize nani?

Tarafa ya Amani,
Wilaya ya Muheza,
Mkoa wa Tanga.

Kwa viongozi na watendaji wote wenye dhamana ya misitu, maji, madini na mazingira katika bonde la Mto Zigi.

Waheshimiwa,

YAH: UCHIMBAJI WA DHAHABU KWENYE KINGO ZA VIJITO VYA MTO ZIGI, NA BARUA ZETU KUTOJIBIWA

Tafadhali husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Suala hili tulitamani liishe ofisini. Tulianza kwa mwenyekiti wa kitongoji, tukaenda serikali ya kijiji, tukapanda kata, tukafika wilayani. Barua zote zimegongwa muhuri wa kupokelewa na nakala tunazo. Majibu ya mdomo tumeyapata mengi, na kwa heshima kabisa, maana hakuna aliyetufukuza mlangoni. Ofisi moja ilituambia hilo ni jambo la maji. Ya maji ikasema kijito kinatoka ndani ya msitu, twende misitu. Huko tukaelezwa kwamba penye mashimo ni nje ya mpaka wa hifadhi, ni ardhi ya kijiji, turudi kijijini. Wa madini ndio waliotushangaza zaidi: pale hakuna leseni iliyotolewa, kwa hiyo kwenye vitabu vyao hakuna uchimbaji. Mzee mwenzangu akauliza kama wanaweza kuja kuwaambia hivyo wachimbaji wenyewe. Akajibiwa, "Mzee, suala lenu linafanyiwa kazi."

Tunaandika hadharani kwa sababu hatujui linafanyiwa kazi na nani.

Kwa wasioujua, Zigi ni mto mfupi. Unaanzia kwenye misitu ya Usambara Mashariki na kuingia Bahari ya Hindi kaskazini kidogo mwa Jiji la Tanga, na safari yake yote iko ndani ya mkoa mmoja. Mto Pangani una Kilimanjaro na Meru nyuma yake. Ukipungukiwa upande mmoja, upande mwingine unaweza kuubeba. Zigi unategemea vilima hivi tu. Upepo wa baharini unapanda na unyevu wake, unakutana na msitu, na Amani inapata mvua ya takribani milimita 2,000 kwa mwaka. Msitu unaiachia mvua hiyo kidogo kidogo, ndiyo maana hata Januari, jua linapowaka na Muheza mjini vumbi linatimka, vijito vyetu bado vina maji. Kijito kikiharibiwa huku juu, huko chini hakuna mto mwingine wa kukifidia.

Malalamiko yetu ni haya.

1. Kinachofanyika kwenye kingo. Wanaingia baada ya magharibi, kwa bodaboda, na sululu, makarai na pampu ya petroli. Hawachimbi katikati ya maji, wanachimba ukingoni, kwa sababu kokoto wanazozitafuta zimelala chini ya udongo wa ukingo, mahali mto ulipopita zamani. Mti ukiwa njiani hawana haja ya kuukata. Wanakata mizizi ya upande wa kwao, wanaendelea na shimo, na mvua kubwa ya kwanza inaumalizia. Udongo unabebwa hadi kwenye mwalo, yaani ubao ulioinamishwa na kutandikwa kipande cha zulia kuukuu, kisha maji ya pampu yanafunguliwa juu yake. Dhahabu ni nzito, inanasa kwenye nyuzi za zulia. Kila kisichonasa kinaingia mtoni.

Asubuhi kijito kimekuwa chai ya maziwa. Akina mama wanachota hivyo hivyo, wanaacha ndoo itulie, wanamimina ya juu, na chini linabaki tope la kimo cha kidole. Wenye watoto wadogo wanakwenda kwenye chemchemi ya kilimani, kwenye foleni.

Mashimo wanayaacha wazi. Tunayaita maduara kama wanavyoyaita wao, mengine yanameza mtu mzima mpaka kifuani, na masika yakija yanajaa maji na mbu. Na haya yanatokea Amani, mahali ambapo watafiti wa malaria walifanya kazi kwa miongo mingi, mbu wetu wakapimwa na kuhesabiwa kuliko karibu mbu wengine wote nchini. Leo tunawachimbia mabwawa.

2. Zebaki. Hatusemi kwamba kila anayeosha anaitumia. Tunasema chupa tumeziona. Kazi yake inajulikana: inashikana na chembe za dhahabu, kisha mchanganyiko unachomwa, zebaki inakwenda na mvuke, dhahabu inabaki. Anayechoma anavuta ule mvuke. Inayomwagika inashuka na tope hadi maji yanapotulia, na kule kwenye matope ya chini vijidudu huigeuza kuwa sumu kali zaidi inayoingia kwenye samaki. Tanzania iliridhia Mkataba wa Minamata kuhusu zebaki mwaka 2020. Tuliomba maji yapimwe. Kama yamepimwa, hatujaoneshwa karatasi.

3. Mita 60. Hapa tunaomba mtusome taratibu.

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kibinadamu za kudumu, au zinazoweza kudhuru hifadhi ya mazingira, ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Kifungu hicho hatuhitaji kusomewa. Tunazijua mita 60 kwa sababu zimepimwa kwenye mashamba yetu. Kamba ya katani ilinyooshwa kutoka majini, na kilichoangukia upande wa mto kikaondoka: migomba, magimbi, miche ya mdalasini iliyokuwa imebakiza msimu mmoja ibanduliwe maganda. Jirani yangu aling'oa mwenyewe, mbele ya mgambo, kabla hajaambiwa mara ya pili. Wengine walilalamika, wengine walisema potelea mbali, mto kwanza. Mwishowe wote tulitii, na leo ukipita sehemu hiyo utaona majani na vichaka vimeshika udongo, maji yamekuwa safi.

Tunachouliza ni hiki. Kamba ile ile, ikinyooshwa penye maduara, inafika wapi? Shimo lililo hatua chache kutoka majini limekaa upande gani wa sheria? Mkulima mwenye mgomba alijulikana kwa jina, kwa kitongoji na kwa simu ya mkononi. Mwenye pampu hajulikani. Kijijini watu wamekwisha kuhitimisha kwamba mita 60 ni za wenye jembe, na anayekuja kututaka tulinde chanzo cha maji siku hizi anasikilizwa kwa adabu tu.

4. Watu wa Tanga mjini. Maji ya Zigi yanakusanywa kwenye Bwawa la Mabayani, yanatibiwa, na ndiyo yanayotoka bombani jijini. Tope likizidi, shabu ya kutuliza maji inazidi, machujio yanaoshwa mara kwa mara, na sehemu ya bwawa inayopaswa kuhifadhi maji inahifadhi mchanga. Gharama hiyo haipotei hewani.

Kisha kuna jambo ambalo tunashangaa halisemwi kwa sauti. Mwaka 2024 Mamlaka ya Maji ya Tanga iliuza hatifungani ya kijani, yaani ilikopa kwa wawekezaji kwa ajili ya mradi unaojali mazingira, ya shilingi bilioni 53.12, ya miaka 10, riba asilimia 13.5 kwa mwaka, na watu wakainunua mpaka ikapita kiwango. Sisi tulifurahi. Ilikuwa mara ya kwanza nchini kwa mamlaka ya maji kukopa sokoni kwa namna hiyo, na kwa mto wetu! Lakini fedha hizo zitarudishwa kwa makusanyo ya maji, na maji hayo yanapita kwanza mbele ya pampu ya petroli ambayo hakuna ofisi inayokubali kuwa ni yake kuizima. Mwenye kuikopesha Tanga ana haki ya kujua hilo, kama alivyo nayo mama anayelipa bili pale Chumbageni.

5. Msitu wenyewe. Hatutarefusha, mengi yameandikwa na mnayajua. Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani ilitangazwa mwaka 1997, hekta 8,380, ya kwanza ya aina yake Tanzania. Mwaka 2000 UNESCO iliitambua Usambara Mashariki kuwa hifadhi ya bayongahewa, yaani eneo ambalo watu na viumbe wengine wanaishi pamoja bila kuharibiana. Lile ua dogo la zambarau linalouzwa kwenye vyungu Ulaya nzima liliokotwa Tanga mwaka 1892 na mtawala wa Kijerumani, likapewa jina lake, Saintpaulia. Huku linaota lenyewe kwenye mawe yenye kivuli na unyevu, mengi yakiwa kando ya vijito. Jiwe likipoteza mti wake wa kivuli, ua halihami.

6. Sisi tunaokaa hapa. Wakulima wa tarafa hii wameshaombwa kuachia, na wakaachia. Derema ni mfano. Watu zaidi ya elfu moja walikuwa na iliki zao kwenye ushoroba ule, yaani kipande cha msitu kilicho kati ya misitu mingine, wakafanyiwa tathmini, wakalipwa fidia baada ya mivutano ambayo wenyewe mnaikumbuka, wakatoka ili misitu iungane. Ukaja ufugaji wa vipepeo, biashara safi kuliko zote tulizopata kuzifanya: unahitaji msitu uwe hai ili upate mbegu na majani ya kulishia viwavi, kwa hiyo mfugaji anakuwa mlinzi bila kulipwa mshahara. Mwaka 2016 usafirishaji wa wanyamapori hai nje ya nchi ukazuiwa, na kipepeo akafungiwa mlango mmoja na twiga na kasa. Mpaka leo sijaelewa kipepeo wa kufugwa kwenye chandarua alikosea nini. Baadhi ya waliokuwa wakifuga walipokosa soko ndio hao hao wanaotafutwa kubeba udongo usiku.

Waheshimiwa, majibu mtakayotupa tunayafahamu, tumeyasikia kwenye mabenchi ya ofisi. Ruhusuni tuyajibu kabla.

Mtasema hao ni vijana wa hapo hapo wanatafuta riziki. Ni kweli wamo watoto wetu. Lakini hawana hata mmoja mwenye uwezo wa kununua pampu ile, wala petroli ya kuiendesha usiku kucha. Wanalipwa ujira wa siku, na dhahabu inaondoka kabla ya adhuhuri. Hatuombi mje na karandinga mkawazoe vijana wenye makarai, kesho yake watapatikana wengine. Ifuateni pampu, na baada ya pampu mfuateni anayenunua.

Mtasema hakuna gari, hakuna mafuta, bajeti ni finyu. Tunaamini. Ila mlinzi wa kijiji hahitaji gari, anakaa pale pale. Anachohitaji ni kujua akiona taa za tochi mtoni ampigie nani, na huyo atakayepokea asimwambie apige kwa mwingine.

Mtasema wakulima nao wanaharibu. Wapo. Iliki ililimwa chini ya msitu kwa kufyeka miche yote ya chini, na mwenye macho anaona ilivyouacha. Lakini mkulima ana namba ya shamba na mnajua pa kumpata. Tena kuna umoja wa wakulima wahifadhi wa Kihuhwi na Zigi, UWAMAKIZI, ambao umekuwa ukifanya kazi na mamlaka ya maji kuotesha miti na kupiga matuta. Haifai kumwekea mchimbaji kinga kwa kumnyooshea kidole mkulima.

Mtasema tatizo hili lilishamalizwa. Kweli, mwaka 2003 na 2004, dhahabu ilipozuka Sakale, huku huku Usambara Mashariki, watu walimiminika kwa maelfu, kukawa na mahema na vibanda ndani ya msitu, na Serikali ikawaondoa. Operesheni ile ilikuwa ya nguvu na ilifanikiwa. Kilichobaki ni mashimo, pamoja na habari kwamba kuna dhahabu. Operesheni inakwisha siku magari yanapoondoka.

Na atakayesema haiwezekani tunamkumbusha kwamba msitu huu umeshasimamishiwa mambo makubwa kuliko haya. Hadi katikati ya miaka ya 1980 magogo yalikuwa yakivunwa humu kwa mitambo, kwa msaada wa Finland. Uvunaji ule ulisitishwa, na Finland hiyo hiyo ikarudi kugharamia uhifadhi wa misitu ya vyanzo vya maji. Ikiwa trekta la magogo lilizimwa, pampu ya petroli inazimika.

Kwa hiyo tunaomba yafuatayo:

(a) Afisa mmoja. Kaeni ninyi kwa ninyi, misitu, maji, madini na mazingira, mkubaliane ni nani anayejibu kwa niaba ya wote kuhusu kingo za vijito vya Zigi, ndani na nje ya mpaka wa hifadhi. Cheo chake na namba ya simu ya ofisi yake vibandikwe kwenye ubao wa kila kijiji cha bonde. Hili tukilipata, mengine yote yatakuwa na pa kuanzia. Tukilikosa, msitupe mengine kwanza, tutayapoteza njiani.

(b) Bikoni za mita 60 zisimikwe kwenye vijito vinavyochimbwa, si kwenye mashamba peke yake, na sheria itumike kwa mwenye pampu kama ilivyotumika kwa mwenye migomba.

(c) Maji na tope vipimwe zebaki, kuanzia kwenye vijito hadi Mabayani. Matokeo yaletwe kwa Kiswahili, kwenye ubao wa kijiji, hata yakiwa mabaya. Yakiwa mazuri pia yaletwe, tulale.

(d) Maduara yafukiwe na kingo zioteshwe miti ya asili ya hapa. Tafadhali isiwe Maesopsis. Mti huo ulipandwa zamani kwa nia njema, ukapenya kila mahali msitu ulipokatwa, na hadi leo unabanana na miti ya Usambara. Vijana waliokuwa wakichimba wapewe kazi hii ya kufukia na kuotesha kwa ujira, wanazijua sehemu kuliko mkandarasi yeyote.

(e) Sehemu ya fedha za maji irudi juu kwa utaratibu unaojulikana, kila mwaka, kwa wakulima walioachia kingo. Isiwe semina na fulana.

(f) Suala la vipepeo vya kufugwa litenganishwe na wanyamapori wengine na lipewe uamuzi wake.

Hatuombi kijiji chochote kihamishwe, na tunasema hivyo mapema, kwa sababu tumezoea kuona tatizo la wachimbaji likimalizika kwa mkulima kufungasha. Tunajua pia kuna wanaodai kwamba kelele hizi ni za siasa. Barua ya kwanza tuliiandika wakati hakuna uchaguzi wowote karibu. Tarehe ya muhuri ipo.

Tunaomba jibu la maandishi kabla ya masika. Sababu ni ya kawaida: mvua za Machi zikianza, udongo wote uliorundikwa kando ya maduara utashuka kwa wiki chache, na hapo hata mkija na kila kitu mtakuta kazi imebaki Mabayani. Jibu likichelewa, nakala za barua zote za nyuma, pamoja na mihuri, tutazibandika penye mizani ya chai na penye stendi ya Muheza, ili wanaotuuliza kila siku tumefikia wapi wajisomee.

Mkipenda kuja badala ya kuandika, karibuni. Mkutano mkuu wa kijiji hukutana kila baada ya miezi mitatu, na tutauahirisha au kuuwahisha kwa ajili yenu. Tunaomba jambo moja, mje pamoja kwa gari moja, ili swali likiulizwa asiwepo wa kusema mhusika amebaki ofisini.

Wenu katika ujenzi wa taifa,

Mkulima wa viungo,
kwa niaba ya wakazi wa kitongoji (majina na saini zetu zipo kwenye barua mlizonazo).

Nakala:
Mheshimiwa Mbunge
Madiwani wa kata za Tarafa ya Amani
UWAMAKIZI
Wateja wa maji, Jiji la Tanga
Ubao wa matangazo, ofisi ya kijiji